Pacha wa Mtoto Mwenye Akili

Masomo: Luka 2:41-52, Marko 6:1-3

Leo tunataka kuzungumza juu ya jambo ambalo pengine hamkulitazamia kutoka kwetu, yaani mchezo wa kuchekesha wa televisheni. Wako watakaosema, "Hawa nao wameliacha Neno, wameingia kwenye vichekesho." Tunawaomba mtuvumilie kidogo. Bwana wetu alifundisha kwa habari za kondoo, chachu na sarafu iliyopotea nyumbani, vitu ambavyo wasikilizaji wake walivijua sana. Siku hizi wako watoto wetu wa mjini ambao hata kondoo wenyewe huwaona kwenye kioo hicho hicho cha televisheni.

Mchezo wenyewe huitwa Young Sheldon. Ulionyeshwa Marekani na shirika la CBS. Kipindi cha kwanza kilitoka tarehe 25 Septemba 2017, na msimu ule wa kwanza, uliokuwa na vipindi 22, ulimalizika Mei 2018. Mchezo uliendelea hata mwaka 2024, lakini leo twataka kukaa zaidi na msimu ule wa kwanza, kwa kuwa ndimo msingi wa nyumba ile ulimowekwa.

Habari ni hii. Mwaka ni 1989, na mahali ni mji mdogo wa kubuniwa uitwao Medford, mashariki mwa jimbo la Texas. Bwana George Cooper ni kocha wa shule ya sekondari, anafundisha mpira ule wa Kimarekani ambao huchezwa zaidi kwa mikono kuliko kwa miguu. Mkewe, Mary, ni Mkristo wa Kibatisti, mwanamke wa maombi kweli kweli. Karibu nao anaishi bibi mzaa mama, ambaye wajukuu humwita Meemaw. Bibi huyu hucheza karata za pesa na hapendi kuambiwa neno, wala sisi hatumsifu kwa hayo, ingawa ni lazima tukiri kwamba hutuchekesha. Watoto ni watatu: Georgie ndiye mkubwa, kisha wako pacha wa miaka 9, Sheldon na Missy.

Sheldon amepewa akili ya kupita kiasi. Mchezo unapoanza amerushwa madarasa mengi mpaka sekondari, akaketi darasa moja na kaka yake Georgie, ambaye amefika pale kwa miaka yake ya halali. Siku ya kwanza tu anawataja mbele ya watu wote wanafunzi na walimu waliovunja kanuni za mavazi za shule. Walimu wanalia wamwondoe. Nyumbani mambo si mepesi zaidi. Anaogopa vijidudu hata wakati wa kuombea chakula, familia ikishikana mikono, yeye huvaa glovu.

Tunacheka, na kucheka si dhambi. Lakini katika kipindi hicho hicho cha kwanza baba anamweleza Sheldon kwa nini walihama mji wa Galveston. Aligundua kwamba makocha wenzake walikuwa wakiwapata wachezaji kwa njia isiyo halali, akasema, na kwa kusema kweli akafukuzwa kazi. Mtoto ambaye watu humwona msumbufu kwa kushika kanuni anatambua kwamba baba yake naye alizishika, tena kwa hasara. Jioni hiyo, wakati wa kuombea chakula, anamshika baba yake mkono bila glovu. Kaka yake hapati bahati hiyo.

Yako mengine ya kuwachekesha wazee wa kanisa, na pengine ya kuwakasirisha. Katika kipindi cha 3 Sheldon anashindana na mchungaji wao, Mchungaji Jeff. Mchungaji anasema kwamba Mungu ama yuko ama hayuko, kwa hiyo ni nusu kwa nusu. Mtoto anamjibu kwamba mambo mawili yanayoweza kutokea hayawi na uzito sawa kwa sababu tu ni mawili: ukirudi nyumbani leo huenda ukakuta dola milioni moja kitandani, au usizikute, je, hiyo nayo ni nusu kwa nusu? Sisi tuonavyo, mtoto alishinda kwa haki. Imani yetu haikujengwa juu ya kurusha sarafu, na mhubiri anayeitetea namna hiyo anamdhulumu mtoto na kuidhulumu imani yenyewe. Lingekuwa jambo jema kama angemwambia, "Swali lako ni kubwa, njoo Jumatano tulitazame pamoja." Baadaye, katika kipindi cha 11, mama anamlazimisha kuhudhuria shule ya Jumapili, naye mtoto anazichunguza dini za ulimwengu na kuishia kuanzisha dini yake mwenyewe ya hesabu. Haya ndiyo matunda ya kumpa mtoto mwenye njaa ya kweli majibu ya mkato.

Hata hivyo kijana huyu huenda kanisani kila Jumapili pamoja na mama yake. Kwa nini, ikiwa haamini? Jibu lake ni kwamba Mungu hamwamini, lakini mama yake anamwamini.

Wapendwa, neno hilo lilitukaa moyoni. Wengine mtasema hiyo si imani, na kwa kweli si imani ya wokovu. Lakini tazameni mtoto alivyolifikia. Mama huyu hakushinda hata hoja moja mbele yake, wala fizikia haijui. Amemsimamia mbele ya walimu. Amekesha naye alipokuwa na hofu. Soseji ilipomkwama kooni, akaogopa kula kitu chochote kigumu, wazazi wake walimpeleka kwa mtaalamu badala ya kumpiga. Mtoto amelipima pendo hilo kwa akili yake kali, akaona halina kosa. Wangapi katika sisi tulimjua Mungu kwanza kupitia mikono ya mama aliyetufunika blanketi usiku?

Lakini hapa ndipo tulipotaka kuwafikisha. Yuko mtoto mwingine katika nyumba ile, aliyezaliwa siku ile ile, kutoka tumbo lile lile. Je, Missy naye angeweza kusema neno hilo, tena kwa moyo huo huo?

Hebu tuhesabu safari za msimu ule wa kwanza. Mtu wa NASA anazuru shule na kulidharau wazo la Sheldon juu ya namna ya kurudisha roketi ardhini. Baba anawapakia wote garini mpaka Houston ili mtoto akajitetee. Sheldon anataka kompyuta, nayo ni ghali, na baba na mama wanagombana vibaya kwa ajili yake. Sheldon anatamani kuona chombo cha anga kikirushwa, na baba anaendesha gari kutoka Texas mpaka Florida. Sheldon anapata nafasi katika shule ya watoto wenye vipawa huko Dallas, na nyumba nzima inageuzwa juu chini, kwanza kwa kumwacha aende, kisha kwa kumrudisha, maana hakuweza kukaa mbali nao. Mama anapochukua kazi ya ofisini kanisani ili fedha zitoshe, pacha wote wawili hukaa peke yao nyumbani baada ya shule. Kwa Missy zipi zilizobaki? Wakati wa ile safari ya Florida yeye alibaki, na mama na bibi wakampeleka kutengenezwa nywele. Ni jambo dogo. Lakini tazameni uso wake siku hiyo, kwa sababu walau mara moja siku ilikuwa yake.

Missy si mjinga. Anawafahamu watu. Anajua nani amekasirika na nani anadanganya, mambo ambayo pacha mwenzake hayaoni hata yakimgonga puani. Hicho nacho ni kipawa, ila hakina mtihani wala cheti, na hakuna shule ya Dallas inayokitafuta. Na Georgie je? Uwanja wa mpira ulikuwa mahali pake. Katika kipindi cha 5 mdogo wake akaingia hata huko na hesabu zake, timu ikaanza kushinda, na sifa zikamwendea yule asiyeweza kushika mpira.

Sasa tugeukie masomo yetu. Katika Luka mlango wa 2 twaona nyumba nyingine iliyopewa mtoto asiyekuwa wa kawaida. Ana miaka 12. Wazazi wanatembea mwendo wa siku nzima kabla ya kutambua kwamba hayumo katika msafara, na siku ya tatu wanamkuta hekaluni, ameketi katikati ya walimu, akiwasikiliza na kuwauliza maswali. Wote wanastaajabia akili zake. Mahubiri mengi huishia hapo, kana kwamba habari njema ni zile alama alizopata. Lakini Luka anaendelea kusema kwamba alishuka pamoja nao mpaka Nazareti, akawatii, na mama yake akayaweka mambo hayo yote moyoni. Alirudi katika nyumba yenye watu wengine.

Watu hao walikuwa nani? Marko anatuambia katika mlango wa 6. Siku Bwana alipofundisha katika sinagogi la kwao, watu wa mji wakauliza kama huyu si yule seremala, mwana wa Mariamu, nao wakawataja ndugu zake: Yakobo, Yose, Yuda na Simoni. Kisha wakasema kwamba na maumbu zake wapo papo hapo. Tunajua kwamba wako Wakristo wenzetu wanaolifahamu neno hili la ndugu kwa mapana zaidi, kama sisi huku tunavyowaita ndugu hata wana wa shangazi, wala hatutaki kugombana leo. Tunachotaka mwone ni kwamba wanaume wanne wametajwa kwa majina, na wale maumbu hawakutajwa hata mmoja.

Walikuwapo. Yamkini walichota maji kwenye kisima kile kile na kumega mkate ule ule. Yawezekana waliposikia kwamba ndugu yao alibaki Yerusalemu na wazee wakarudi njia yote kumtafuta, walikaa kwa jamaa wakingoja, bila kuelezwa kitu. Hili la mwisho Maandiko hayasemi, tunawaza tu kama wazazi. Lakini Yohana, mlango wa 7, anasema wazi kwamba hata ndugu zake hawakumwamini. Kwa hiyo kuishi karibu na mtoto aliyeteuliwa hakukuwa rahisi hata Nazareti, ambapo mteule mwenyewe hakuwa na kiburi wala dhambi. Itakuwaje basi katika nyumba zetu?

Na nyumba zetu tunazijua. Mtihani wa K.C.P.E. ulifanywa kwa mara ya kwanza mwaka 1985 na kwa mara ya mwisho mwaka 2023. Kwa miaka hiyo yote, matokeo yalipotoka, mtoto aliyefaulu alibebwa juu kwa juu, akina mama wakapiga vigelegele, na mwenye kupiga picha akaja. Mtihani huo sasa umekwisha, lakini vigelegele vimehamia kwingine. Je, mmewahi kutazama nani amesimama pembeni mwa picha ile? Mara nyingi ni dada au kaka, na mara nyingine ni pacha, aliyefanya mtihani ule ule asubuhi ile ile.

Kisha yaja mambo ya karo. Ng'ombe anauzwa. Kipande cha shamba kinakodishwa. Jamaa wanaitwa kwenye harambee, na wote wanachanga kwa moyo mzuri, kwa kuwa mtoto huyu ndiye atakayetutoa. Hatusemi ni vibaya. Kipawa kikizikwa ardhini Bwana atakidai, na mzazi asiyejinyima kwa ajili ya mtoto wake sijui tumwite nani. Lakini ng'ombe yule alikuwa akikamuliwa na mtu. Yuko binti aliyeamka saa kumi na moja kila siku kumkamua, akayapeleka maziwa, kisha akaenda shule amechelewa. Siku ng'ombe alipouzwa kuna aliyemwita kando kumweleza? Kuna aliyemwambia, "Mwanangu, tunajua huyu ng'ombe ni jasho lako pia"?

Hapo ndipo kinyongo kinapoanza, na ni kinyongo chenye subira. Hakisemi kitu kwa miaka 20. Kinatokea siku ya kugawa shamba, au siku ya mazishi ya mzee, watu wamekaa chini ya turubai na mwenye digrii anasimama kuzungumza kwa niaba ya familia kama kawaida. Ndipo mtu wa pembeni anapofungua mdomo, na wageni wanashangaa maneno hayo yametoka wapi. Sisi tulio wachungaji huitwa baadaye kupatanisha, na tunapochimba tunakuta habari ya ng'ombe. Wana wa Yakobo hawakumchukia Yusufu kwa ajili ya ndoto peke yake. Ile kanzu ilitangulia, na aliyeishona alikuwa baba yao.

Wazazi wengine watatuuliza, "Basi tufanye nini? Tumnyime mwenye akili ili wasio na akili wafurahi?" La hasha. Kwanza msiwaite wasio na akili. Kisha, hakuna aliyesema vyote vigawanywe kwa ratili. Bwana George wa Medford si mtu wa kutamka mambo ya moyoni, na hesabu za mwanawe hazielewi hata kidogo. Lakini kocha huyu ana watoto wawili wa kiume wasiofanana hata chembe, naye anajitahidi kuwa baba wa wote wawili, mmoja uwanjani na mmoja kwenye njia ya kwenda kuona roketi. Mara nyingi anashindwa. Mara nyingine anafaulu kwa kuwa yupo tu, ameketi pembeni ya kitanda, mikono magotini, hana la kusema.

Katika kipindi kile cha 3 baba huyu anapata ugonjwa wa moyo, anakimbizwa hospitalini, na anapona. Mtazamaji mgeni anashusha pumzi. Lakini wale waliotazama mchezo uliotangulia, The Big Bang Theory, ulioanza mwaka 2007 ukionyesha Sheldon akiwa mtu mzima, walikwisha kujua kwamba George Cooper hatamwona mwanawe akifika mbali. Atakufa Sheldon akiwa na miaka 14. Ndiyo maana msimu ule wa kwanza, pamoja na vicheko vyake, una uzito fulani. Sauti inayosimulia ni ya Jim Parsons, yule yule aliyecheza Sheldon mtu mzima. Ni mtu mzima anayetazama nyuma na kuona watu ambao alipokuwa mtoto hakuwaona, ingawa waliketi naye meza moja.

Katika kipindi cha mwisho cha ule mchezo wa awali, mwaka 2019, Sheldon anapewa Tuzo ya Nobel. Anaiweka kando hotuba aliyoiandaa na kukiri mbele ya watu kwamba alidhani mafanikio yale ni yake peke yake, kumbe kuna wengi waliomtia moyo na kumvumilia. Ni maneno mazuri, nasi tuliyafurahia. Lakini baba hakuwapo kuyasikia. Afadhali yangesemwa mapema, mezani, pale Medford.

Yule Yakobo tuliyemtaja, ambaye jina lake lilikuwa la kutajwa tu nyuma ya jina la ndugu yake, Paulo anatuambia katika 1 Wakorintho mlango wa 15 kwamba Bwana aliyefufuka alimtokea. Hatuambiwi walisema nini. Alimtafuta, akamwona, na baadaye twamkuta Yakobo akihesabiwa miongoni mwa nguzo za kanisa la Yerusalemu. Bwana alikuwa na ulimwengu mzima wa kuokoa, na muda wake duniani ulikuwa mfupi. Hata hivyo alipata nafasi ya kumtembelea mtu wa nyumbani kwao.

Saa yetu inakaribia kwisha. Mkiketi mezani jioni hii, mwulizeni habari za siku yake yule ambaye huwa hamumwulizi, na mngoje amalize.

Tuombe. Ee Bwana Yesu, unawajua kwa majina maumbu zako ambao sisi hatukuandikiwa majina yao. Mtazame leo binti aliyeamka alfajiri kukamua, na kijana aliyebaki nyumbani ili mwenzake aende. Uketi nao. Amina.